Mkono Ubaki, Mguu Uhame: Midundo Mitano kwa Mpiga Dramu

Wanafunzi wengi wanakariri kila mdundo peke yake, kisha bendi ikiunganisha rege na rumba jukwaani wanapotea. Mimi hufundisha hivi: mkono wa kulia unabaki kwenye haiheti (jozi ya matoazi), mguu wa dramu ya besi ndio unaohama.

Hatua 1: Roki. Weka metronomu (kifaa cha kutunza mwendo) kwenye mapigo 80 kwa dakika. Haiheti ifuate "moja-na-mbili-na-tatu-na-nne-na". Mguu upige moja na tatu, mkono wa kushoto upige snea (ngoma ndogo iliyo mbele yako) mbili na nne. Kaa hapo dakika tano, bila mapambo.

Hatua 2: Disko. Mguu upige zote nne. Hii haina shida.

Hatua 3: Rege. Mguu uache zote isipokuwa tatu, na kijiti kigonge ukingo wa snea papo hapo. Ndiyo wan-dropu, mdundo wa rege aliyoupiga mpiga dramu Carlton Barrett akiwa na the Wailers, bendi ya Bob Marley. Moja inabaki tupu, na mguu utatamani sana kuijaza. Itamke "moja" kwa sauti badala ya kuipiga, mpaka mguu utulie.

Hatua 4: Sebene la rumba ya Kongo, yaani sehemu yake ya kasi ya kucheza. Usiiharakishe hatua hii, maana ndiyo inayokomaza mkono wa kushoto. Rudisha mguu kwenye zote nne. Sasa hesabu polepole 1 hadi 16, upige makofi kwenye 1, 4, 7, 11 na 13. Yakikaa mwilini, yahamishie kwenye snea. Mguu unaangukia 1, 5, 9 na 13, kwa hiyo unakutana na snea mara mbili tu, mwanzoni na kwenye 13. Haiheti inaangukia namba zote witiri. Pigo gumu ni la 4, kwa sababu linaanguka peke yake, kati ya haiheti mbili. Likikuponyoka, punguza mwendo hadi 60.

Hatua 5: Chakacha, ngoma ya wanawake wa pwani. Hapa hata haiheti inabadilika: hesabu sita, mguu kwenye moja na nne, kushoto kwenye moja, tatu na tano. Ukibahatika kualikwa harusi ya Mombasa, tazama viuno vya wachezaji. Vitakuonyesha uzito wa mdundo kuliko ninavyoweza kuueleza.

Mwisho, unganisha hatua 1 hadi 4, kila moja mizunguko minne, bila kusimama katikati. Ukipotea, haiheti iendelee, mguu usubiri "moja" inayofuata ndipo uingie.