Namna ya kusoma majina ya dawa za moyo zinazotoka kwenye mimea, bila kukariri

Wanafunzi wa famasi wakija field kwetu, siku ya kwanza huwa nawaandikia majina matano kwenye karatasi: digitoxin, ouabain, strophanthidin, lanatoside C, na bufadienolide. Nawaambia weka simu pembeni, niambie kila moja limetoka wapi. Karibu wote wananijibu hayo ni ya kukariri tu mwalimu. Hapana jamani. Haya majina yanasomeka kabisa, ukishajua unaanzia wapi, na mengine yametoka huku huku kwetu ila yamevalishwa nguo za Ulaya mpaka wenyewe hatuyatambui.

Anza na ukoo wenyewe. Hizi dawa zinaitwa glikosidi za moyo. Gliko ni utamu kwa Kigiriki, yaani kuna sukari imefungwa kwenye kitu kingine, na hicho kitu kingine ni steroidi (kiunzi cha pete nne za kaboni zilizoungana) yenye kipete cha laktoni pembeni, yaani pete ndogo yenye oksijeni ndani yake. Kazi yake mwilini ni kubana ile pampu ya sodiamu na potasiamu kwenye kuta za seli, pampu aliyoieleza Jens Skou mwaka 1957 (akaja kupata Nobel ya kemia 1997, miaka 40 baadaye), pampu ikibanwa sodiamu inajaa ndani, kalsiamu nayo inabaki ndani ya seli za moyo, moyo unabana kwa nguvu zaidi. Ikizidi kidogo tu moyo unavurugika. Ndo maana mmea ule ule ni dawa na ni sumu, na ndo maana jina kulisoma vibaya si jambo dogo.

Sasa jina lenyewe lisome kuanzia mkiani. Wengi wanaanza mbele, wanaishia kuchanganyikiwa. Ukikuta mwisho kuna -oside, kama lanatoside, ujue sukari ipo. Ukikuta -genin, kama digoxigenin au ouabagenin, sukari imeshavuliwa, imebaki steroidi tupu. Mkia wa -in peke yake haukuambii kitu, usiuamini, ni mkia ambao wanakemia wa zamani walikuwa wanabandika kwa kila walichokitoa kwenye mmea. Na hapa ndo pa kukaza macho: strophanthin na strophanthidin. Zimepishana herufi mbili, lakini ya kwanza ina sukari na ya pili haina. Ukiandika ripoti ukaidondosha hiyo "id" umeandika kitu kingine.

Majina ya makundi nayo hivyo hivyo, yakate vipande. Kadenolidi (cardenolide): kad ni moyo, en ni kiungo maradufu kimoja (atomi mbili zilizoshikana mara mbili) kwenye kile kipete, olid ni laktoni. Bufadienolidi: bufa ni chura, kutoka Bufo, dien ni viungo maradufu viwili, olid ile ile. Mwanafunzi akisikia chura anadhani kundi zima ni la wanyama, kumbe kitunguu pori cha pwani ya Mediterania, Drimia maritima, kinazo bufadienolidi, na hata Kalanchoe watu wanazopanda kwenye makopo barazani zimo humo. Jina limebaki na chura kwa sababu ya Bufo, mmea hauna uhusiano wowote naye.

Ukimaliza mkia njoo kichwani, kichwa ndo kinakuambia mmea.

Digi au digit ni Digitalis. Leonhart Fuchs, Mjerumani, mwaka 1542 alitaka jina la Kilatini la ua ambalo kwao waliliita Fingerhut, kofia ya kidole, ile tondoo ya fundi cherehani. Akachukua digitus, kidole, akapata Digitalis. Ukiliona lile ua ni kama kidole kingeingia kweli. Mwaka 1785 daktari William Withering wa Uingereza akachapisha maelezo ya wagonjwa wake waliotumia huo mmea, na hapo ukaingia kwenye udaktari rasmi. Digitoxin jina lake lilikuja 1875 kwa Oswald Schmiedeberg, na digoxin ikatengwa 1930 na Sydney Smith kutoka Digitalis lanata. Lanata ni yenye sufu, kama manyoya ya kondoo. Ukishalijua hilo neno moja, lanatoside unalisoma mwenyewe, na hata Lanoxin, jina la biashara la digoxin, kwenye boksi unaiona lanata ilipojificha.

Digoksini na digitoksini niseme zaidi kidogo, maana hapa niliwahi kuona hatari kwa macho yangu. Mzee mmoja alirudi kutoka Ujerumani na kopo lake, kule digitoksini bado inatumika, sisi huku tumezoea digoksini tu. Mwenzangu akasoma haraka haraka akashika kopo la digoksini, nikamwambia hebu soma tena taratibu, na bahati nzuri alikuwa bado hajampa. Tofauti ya jina ni herufi mbili, i na t. Tofauti ya molekuli ni haidroksili moja tu (oksijeni na haidrojeni zilizoshikana), digoksini inayo kwenye kaboni namba 12, digitoksini haina. Lakini mwilini ni mbingu na ardhi: digoksini inatoka kwa figo na nusu yake inaisha kwa siku moja na nusu hadi mbili, digitoksini inategemea zaidi ini na nusu yake inachukua kama wiki nzima. Kwa hiyo njia yangu ni hii, jina la namna hiyo litamke kwa sauti, silabi moja moja, di-go-ksi-ni, di-gi-to-ksi-ni, kidole kikiwa juu ya boksi. Halafu kipimo nacho kitamke kwa mikrogramu, sema mia mbili hamsini, usiseme pointi mbili tano, kwa sababu nukta ikifutika kwenye karatasi miligramu 0.25 inageuka 25. Kile kidonge kidogo cha mikrogramu 62.5 ukikuta kimeandikwa PG ni cha watoto na wazee.

Haya, sasa njoo kwetu.

Ouabain. Watu wanalitamka ouwa-be-ini sijui o-u-ba-ini, wanahangaika bure. Lile "ou" ni Kifaransa, kwa Kifaransa ou mbele ya irabu ni w yetu. Soma wabaini. Na wabaini ni nini? Ni waabaayo, neno la Kisomali la sumu ya mshale. Mfaransa Arnaud aliitoa mwaka 1888 kwenye mti wa Acokanthera, jina la Wasomali akalichukua, akaliandika kwa masikio ya Kifaransa, akabandika mkia wa -in. Kila maabara duniani inayosoma ile pampu ya sodiamu inatamka neno la wawindaji wa Pembe ya Afrika bila kujua, na mimi jambo hili huwa linanigusa sana, ndo maana nalisisitiza darasani. Acokanthera huo huo ndo msunguti, Wamaasai wanauita olmorijoi, Wakikuyu murichu, na Wawata, wawindaji wa bara ya pwani ya Kenya, waliangusha tembo kwa upinde wenye sumu yake. Mpaka kuna panya mmoja mkubwa wa Afrika Mashariki, Lophiomys, anatafuna gamba lake na kujipaka mate kwenye manyoya ya ubavuni, mbwa akimuuma anaumia mbwa, hii ilichapishwa 2011.

Halafu Strophanthus. Strophos ni kamba iliyosokotwa, anthos ni ua, angalia zile ncha za ua zilivyojipinda utaelewa. Spishi ya dawa ni Strophanthus kombe, na hapa Mswahili anaingia mtegoni, anadhani kombe ni ile ya kunywea au lile la kuandikiwa aya. Si hiyo. Kombe hapa ni jina la sumu ya mishale kule mto Shire (Malawi) na Zambezi, alilisikia John Kirk akiwa kwenye safari ya Livingstone, yule Kirk aliyekuja kuwa konseli wa Uingereza Zanzibar. Inasimuliwa mswaki wake ulikaa pamoja na ile sumu, akapiga mswaki, akahisi uchungu mdomoni na mapigo yake yakashuka. Thomas Fraser wa Edinburgh ndo akaichunguza na kuipa jina strophanthin.

Ndo maana utakutana na k-strophanthin, k ni kombe. Utakutana na g-strophanthin, g ni gratus, spishi ya Afrika Magharibi, na hiyo g-strophanthin ni wabaini yule yule kwa jina jingine. Kwa hiyo ukikuta kitabu kimoja kimeandika wabaini na kingine g-strophanthin usihesabu dawa mbili. Na ukikuta strophanthin bila herufi mbele, simama, huwezi kujua ni ipi, uliza.

Hata ile "toxin" ya kwenye digitoxin ina hadithi hii hii. Toxon kwa Kigiriki ni upinde, na toxikon ilikuwa dawa ya kupaka mishale. Mgiriki, Msomali na mtu wa Shire, wote walianzia mshaleni.

La mwisho ni la kazini kabisa. Mgonjwa akija mapigo yako chini, anatapika, anasema anaona vitu vya njano, na ndugu zake wanasema alikunywa mzizi fulani, wahi kumfikisha kwa daktari, na hilo jina la mzizi usilitafsiri wewe. Usiandike "mitishamba" ukaishia hapo. Liandike kama walivyolitamka, andika ni lugha gani, andika kijiji ulikochimbwa, na kama kuna jani au kipande cha gamba kifunge kwenye karatasi kiende na mgonjwa, usikionje hata kwa ncha ya ulimi. Mti mmoja una majina kumi na jina moja lina miti mitatu, ila jina pamoja na lugha pamoja na mahali, hapo mtaalamu wa mimea anaweza kukuambia ni Acokanthera au siyo.