Kabla Hujaniletea Difu Nikuchomelee

Kila baada ya wiki chache kijana huingia gereji yangu hapa Mombasa na Mark II au Hilux kuukuu, hajazima hata injini, anasema: "Fundi, nataka unichomelee difu." Yaani gia zilizo katikati ya ekseli ya nyuma zishikanishwe kwa weldi, matairi mawili yazunguke pamoja daima. Nikimuuliza sababu, mmoja ataka kudrifti, yaani kutelezesha mkia kwenye kona kwa makusudi, mwingine alikwama mchangani Jumapili mbele ya wakwe na amechoka kusukumwa na watoto wa ufuoni. Zote mbili nazielewa. Lakini kabla sijawasha mashine humpitisha kwenye hatua hizi, na wengi huishia hatua ya pili, wakarudi nyumbani na difu zao nzima.

Hatua ya 1: Chukua chaki

Nachora sakafuni nusu duara mbili, moja ndani ya nyingine, zikiachana mita moja na nusu. Hiyo ndiyo nafasi iliyopo, kwa kukadiria, kati ya tairi la nyuma la kushoto na la kulia kwenye pikapu ya kawaida. Kisha nampa kijana kamba apime. Mstari wa nje unauzidi wa ndani kwa mita 4.7. Tukichora duara kubwa zaidi hadi nje ya geti, apime tena: mita 4.7 zilezile. Hapo ndipo wengi hushangaa.

Kwa hiyo kila ukigeuza gari nusu duara, tairi la nje lina deni la mita 4.7 juu ya lile la ndani. Kona ya kawaida ya njia panda ni nusu ya hapo. Kwenye kona pana za barabara ya Dongo Kundu deni hilo linalipwa kidogokidogo, hulihisi. Ukikata kona ya uchochoro wa Mji wa Kale, linadaiwa lote ndani ya hatua chache.

Difu ndiyo inayolilipa. Ndani yake mna gia ndogo za spaida zinazozunguka katikati ya gia mbili za pembeni, na hizo ndizo zinazoruhusu tairi moja liwahi na jingine lichelewe. Ukizichomelea, ruhusa hiyo imekwisha. Shafti mbili zinazopeleka nguvu kwenye matairi zinakuwa kama bomba moja. Deni bado lipo, ila sasa atalilipa mwingine: ama tairi litaburuzwa juu ya lami, ama shafti itasokotwa.

Na kwa nini gari lenye difu nzima linakwama? Kwa sababu difu hugawa nguvu sawasawa kwa pande zote mbili. Tairi lililo kwenye mchanga laini linahitaji nguvu ndogo tu kuzunguka bure, basi na lile lililokanyaga pagumu hupata nguvu hiyohiyo ndogo. Hapo utaona spidi yasoma 20, gari limesimama, na tairi moja lazunguka kwa kasi ya 40.

Hatua ya 2: Hakikisha waihitaji kweli

Kama shida yako ni mchanga, anza na upepo. Tairi la psi 32 huchimba, la psi 16 hutambaa. Punguza matairi yote manne, ondoka polepole kwa gia ya pili bila kukanyaga kwa hasira, na ubebe pampu ndogo ya kuyajaza tena kabla hujarudi kwenye lami. Nimewapeleka vijana wawili hadi upande wa Bamburi na magari yao yakatoka hivihivi, pale pale yalipokwama wiki iliyopita. Hawakunilipa chochote, lakini hayo tuyaache.

Halafu tazama ni gari gani. Vitz, Note na Probox nyingi huvutwa na matairi ya mbele. Hayo usiyaguse kamwe. Tairi la mbele ndilo linalogeuza, ukiyafunga mawili pamoja usukani utapigana nawe kila kona. Subaru inayovuta kwa matairi yote manne, pia hapana. Na magari mapya yenye kompyuta ya kuzuia utelezi, kama Mark X, ile kompyuta husoma kasi ya kila tairi peke yake. Ukiyafunga ya nyuma itachanganyikiwa na kuanza kukata nguvu au kugusa breki wakati hukutarajia.

Dereva mmoja wa tuktuk aliwahi kuniomba vivyo hivyo, ili apande njia ya udongo ya kwao wakati wa masika. Tuktuk ina difu, kweli. Lakini mbele ina tairi moja jembamba lenye uzito kidogo. Funga mawili ya nyuma, kisha kata usukani uone: tairi la mbele litageuka, chombo kitakwenda moja kwa moja hadi kwenye kibanda cha mama wa mahamri.

Ninaowachomelea ni wa aina mbili. Kuna mwenye pikapu ya kuvuta boti, ambayo kazi yake ni kushuka mchangani na kupanda, basi. Na kuna mwenye gari la mchezo lisilotumika kwa shughuli za kila siku. Kwa wa kwanza ni baraka: tairi moja likining'inia, jingine linasukuma kama kawaida. Kwa wa pili, mkia hutoka kwa namna anayoitarajia, na bei ni ya vijiti vichache vya kuchomelea, si ya difu maalumu yenye kufuli ya hewa kutoka Australia.

Hatua ya 3: Jua utakacholipa baadaye

Difu ya kwanza niliyoichomelea ilikuwa ya Hilux yangu mwenyewe, na nikajifanya mjuaji, nikawa naiendesha kila siku mjini. Matairi ya nyuma yalianza kulika kana kwamba mtu anayapiga msasa usiku. Nikiegesha, yalilia "kwii, kwii" hadi mabawabu wakanijua kwa sauti. Siku moja nimepakia simenti, nakata kona kali kuingia kituo cha mafuta Changamwe, nikasikia "pa!" kama bomba la maji lililopasuka. Shafti ya kushoto imekatika kwenye meno ya ndani, upande wa difu. La ajabu, gari liliendelea kutembea. Difu iliyofungwa haijali kama upande mmoja umekufa, wa kulia ulinifikisha nyumbani. Nilipoitoa ile shafti, ilikuwa imesokoteka kama kamba ya katani.

Hayo ni ya mfuko. La hatari ni mvua. Gari lenye difu nzima ukilikanyaga mafuta kwenye kona yenye maji, mara nyingi tairi moja tu la nyuma huteleza, lile la pili hubaki limeshika na kuuzuia mkia. Difu ikiwa imechomelewa, yote mawili huachia kwa pamoja, na mkia unakwenda wenyewe. Raundabauti yenye lami iliyolika, mvua ya kwanza ya Aprili imeinua mafuta na vumbi la mwaka mzima, si mahali pa kujifunzia hilo.

Na kuna Sheria ya Trafiki, Sura ya 403, inayotaka gari la barabarani liwe katika hali isiyohatarisha watu. Mwambie na mtu wa bima kabla, si baada ya ajali.

Bado upo? Haya, tufanye kazi.

Hatua ya 4: Itoe

Gari juu ya stendi, si jeki peke yake. Mwaga oili, chomoa propela (shafti ndefu itokayo kwenye gia boksi), vuta shafti za matairi, toa difu. Kabla hujafungua vifuniko vya beringi, vipige alama kwa senta panchi: nukta moja kushoto, mbili kulia. Kila kifuniko kirudi upande wake, na kila shimu pia, yaani vile vibati vyembamba vya kurekebisha nafasi. Fungua kraunwili, ile gia kubwa ya duara, uiweke mbali, na uvute beringi. Wavivu huchomelea zikiwa mahali pake, halafu hurudi na mlio mwezi huohuo.

Hatua ya 5: Safisha hadi uchoke

Oili ya gia huingia kila mahali, na oili ndani ya weldi huleta matundu. Osha kwa mafuta ya taa, sugua kwa brashi ya waya, kausha, rudia. Sasa nisikilize hapa: usitumie spirei ya kusafishia breki yenye klorini. Mabaki yake yakikutana na mwali wa weldi hutoa gesi ya sumu kali inayoua mapafu, na huenda usiisikie hadi usiku. Soma mkebe. Wala usitumie petroli, tena karibu na cheche.

Hatua ya 6: Kuchomelea

Hapa ndipo kazi huharibikia. Gia za spaida zimefanywa ngumu juu, ndani ni laini kiasi. Ukizichomelea baridi, pembezoni mwa weldi panakuwa kama kioo. Kwa hiyo zipashe moto kwanza, taratibu, hadi karibu nyuzi 200. Kama huna kipimajoto, dondosha tone moja la maji kwa ncha ya kijiti: likitulia na kuchemka, bado. Likidunda na kukimbia juu ya chuma kama shanga, tayari.

Tumia vijiti vya kuchomelea vya namba 7018, unene milimita 3.2, mkondo wa DC, kishikio kikiwa chanya, ampia 110 hadi 130. Na sisi wa pwani tuna tatizo letu: vijiti hivyo hunywa unyevu wa hewa, na unyevu ndani ya weldi huleta nyufa usizoziona. Pakiti iliyolala wazi usiku mmoja Mombasa isahau kwa kazi hii. Itumie kwa geti la jirani. Fungua mpya siku hiyohiyo.

Bano la waya wa ardhi libane moja kwa moja kwenye gia zenyewe. Ingiza kipande cha shafti ya zamani kila upande, ili gia zikae katikati na cheche zisiingie kwenye meno ya kupokea shafti. Cheche moja ikiganda humo, shafti haitaingia tena.

Difu ya spaida mbili ina sehemu nne ambapo spaida hukutana na gia za pembeni. Chomelea moja, sentimita mbili tu, kisha nenda ya upande wa pili, kama unavyokaza nati za tairi. Baada ya kila mstari, gonga gamba (ganda gumu linaloachwa na kijiti juu ya weldi) kwa nyundo ndogo, piga brashi, tazama. Ukiona ufa mwembamba kama unywele, usiufunike. Ukate kwa grainda na uanze upya. Mwanya mkubwa kati ya meno uzibe kwa kipande cha chuma laini, kisha chomelea juu yake. Lengo ni gia zishikane zenyewe kwa zenyewe. Kwenye difu nyingi nyumba yake ni chuma cha kumimina, na weldi ya kawaida haikai vizuri humo, ndiyo sababu siigusi.

Hatua ya 7: Ipoe polepole

Usimwagie maji, usiiweke mbele ya feni. Ifukie ndani ya debe la majivu makavu ya mkaa, ilale humo hadi asubuhi. Mchanga mkavu pia wafaa, ila si wa ufuoni, ule una chumvi na unyevu. Kesho yake ioshe upya na ukague kila kona kwa tochi. Chembe moja ya gamba ikibaki itazunguka na oili na kula beringi zote.

Hatua ya 8: Irudishe

Beringi, shimu na vifuniko kwa alama zako. Pima mchezo, yaani ule mwanya mdogo wa meno, kati ya kraunwili na pinioni (gia ndogo inayoizungusha) kwa dayo geji, saa ya kupimia mwanya. Kwenye difu za Toyota za inchi 8 hutakiwa uwe kati ya milimita 0.13 na 0.18. Boliti za kraunwili zitie gundi ya kuzuia boliti kulegea na uzikaze kwa spana ya kipimo. Oili iwe ya gia, daraja la GL-5, jaza hadi ianze kutiririka kwenye tundu la kujazia.

Sasa jaribio. Matairi yote mawili ya nyuma yakiwa hewani, weka gia, zungusha tairi moja kwa mkono. Difu nzima, tairi la pili lingezunguka kinyume. Iliyochomelewa vizuri, hayo mawili hayasogei au husogea pamoja upande mmoja. Likizunguka kinyume hata kidogo, weldi imeachia, fungua tena.

Hatua ya 9: Kuiendesha

Kilomita 500 za kwanza endesha kwa upole, kisha mwaga oili uitazame juani. Unga mwembamba wa kijivu ni kawaida. Vipande vinavyometa vya kushikika kwa vidole ni habari mbaya.

Matairi ya nyuma yawe saizi moja, yamelika sawa, upepo sawa. Lile tairi dogo la akiba liweke mbele, na la mbele ulihamishie nyuma, ukipata pancha. Ukiinua tairi moja la nyuma kwa jeki, usithubutu kuwasha injini na kutia gia, kwa sababu lile lililo chini litalirusha gari kutoka kwenye jeki. Kwenye kona finyu achia mafuta, ingia pana, usikanyage hadi usukani umenyooka. Ukishuka kwenye feri Likoni na watu wanapita mbele yako, kumbuka gari lako linahitaji nafasi kubwa kugeuka kuliko la jirani.

Na bandika kikaratasi kwenye dashibodi: DIFU IMEFUNGWA. Shemeji yako atakuja kuazima gari siku ya harusi, mvua inanyesha, na hutakuwepo kumweleza.