Kabla hujampeleka mtu kemo: mishipa ya mkono nayo yataka kuangaliwa

Mamangu alitiwa kemo ya dripu (dawa za kutibu saratani zinazopitishwa mshipani) Mombasa, sisi twatoka Malindi saa kumi alfajiri kila baada ya wiki tatu, na watu walinambia kuhusu nywele, kutapika, ulimi kukosa ladha, lakini mishipa hakuna alonitajia. Mpaka raundi ya tatu nesi atafuta pa kudunga hapati. Sa naandika hapa yale ambayo ningependa niyajue mapema.

Kwanza ujue dawa zenyewe haziko sawa. Kuna zile zinazokera mshipa kwa ndani, wauma, wawa mwekundu, alafu baadaye wakakamaa, ukiupapasa ni kama mshipi wa kuvulia umepita chini ya ngozi. Fluorourasili yaweza kuacha mstari mweusi unaofuata mshipa mkono mzima. Alafu kuna zile kali hasa, kama doksorubisini (ile nyekundu kama Vimto, na mkojo pia hugeuka mwekundu siku moja mbili, usishtuke) na vinkristini, hizi zikivuja nje ya mshipa zachoma nyama na zaweza kufanya kidonda kibaya. Kwa hivo swali la kwanza kumuuliza daktari ni hili: dawa yangu yaitwaje, na ikivuja yafanya nini? Andika jina kwa simu, utalihitaji mbele.

Siku moja kabla, maji. Mwili ukikauka mishipa yalala, na joto letu hili la Malindi lakausha mtu bila yeye kujua, kwa hivo anywe kidogo kidogo kutwa nzima isipokuwa kama daktari amempunguzia maji kwa sababu ya figo au moyo. Kemo ikiangukia Ramadhani ongea na daktari mapema, mgonjwa ana ruhusa yake ya kula na hilo hata shehe atakwambia, mamangu alibisha siku mbili nzima.

Na hina jamani. Ikiwa kuna arusi wiki hiyo mpake miguu, mikono muiwache. Nesi anategemea kuona ngozi ikibadilika rangi, sa kama mkono umechorwa mpaka kwa kiwiko atauona vipi wekundu? Piko, ile rangi nyeusi ya kuchorea, ndo usiguse kabisa, ile yaweza kuchoma ngozi yenyewe bila msaada wa kemo. Bangili na pete zivuliwe nyumbani, mkono ukivimba hazitoki.

Mkono gani? Kama alipasuliwa titi na kutolewa tezi za kwapa, mkono wa upande huo kawaida hautumiwi, si sindano si mashine ya presha, na usingoje waulize, wewe sema. Huo mwengine uweke joto: basi likiwa na AC mfunike leso, mkifika auchovye kwa maji ya vuguvugu, auning'inize chini, afumbe na kufumbua kiganja kama mtu akamua nazi. Pazuri pa kanula (kile kimrija chembamba kinachoachwa ndani ya mshipa) ni kigasha, kati ya kifundo na kiwiko. Pale kwenye mkunjo wa kiwiko si pazuri kwa dawa kali, na kifundoni vilevile. Na kama asubuhi hiyo alitolewa damu ya vipimo, mwambie nesi walipodunga, manake kanula ikikaa chini ya tundu bichi, upande wa kiganja, dawa yaweza kuvujia pale juu. Nesi akikosa mara mbili muombe kwa adabu amuite mwenzake, si matusi, wao wenyewe huitana.

Aende choo kabla dawa haijaanza. Nesi atavuta kidogo aone damu yarudi, apitishe maji ya chumvi, ndo dawa. Hapa kazi yako wewe ulomsindikiza ni moja, kuutazama mkono. Usiufunike leso wala buibui, na kumbuka zile dawa za kuzuia aleji humpa usingizi, aweza kulala dawa yavuja hajui. Akisema chochote, yaniwasha, yachoma, pazito, au ukiona dripu imepunguza mwendo au pamefura, ita nesi saa hiyo hiyo. Mamangu alinyamaza ati hataki kumsumbua nesi ana wagonjwa wengi, akasema ataka kuvumilia. Uvumilivu wote tuliofunzwa wa uzazi na wa ndoa, hapa hautakikani.

Ikivuja, usiichomoe kanula mwenyewe. Nesi atafunga dripu, ataiwacha sindano kwanza ajaribu kuivuta dawa kupitia hapo hapo, ndo aitoe. Mwambie azungushe peni pale palipofura ujue kama panapanuka.

Sasa kukanda, na hapa ndo sisi watu wa pwani twaharibu. Kitu chochote kikivimba twachemsha maji na chumvi. Doksorubisini ikivuja yataka baridi, barafu iliyofungwa kwa kitambaa, dakika 15 hadi 20, mara kadhaa kwa siku, na joto laweza kuongeza madhara. Vinkristini ni kinyume, ile yataka joto. Ndo maana nikasema jina la dawa liwe kwa simu. Usisugue, usipake shubiri wala mafuta ya nazi, usipigwe chuku mkono huo. Piga picha kila siku mwangaza ule ule, kwa sababu malengelenge na kidonda vyaweza kutokea siku kadhaa au hata wiki baadaye, wakati mshasahau. Ngozi ikigeuka nyeusi, ikifunguka, mkono wote ukivimba, au homa ikafika 38, hiyo si ya kungoja kliniki ijayo.

Ule ugumu wa kawaida bila kuvuja mara nyingi walegea baada ya miezi, mishipa mengine hairudi.

Na kama raundi ni nyingi au mishipa ni myembamba tangu mwanzo, uliza kuhusu poti kabla ya raundi ya kwanza, si ya nne kama sisi. Ni kidude mfano wa kifungo, chazikwa chini ya ngozi ya kifua na mrija wake waingia mshipa mkubwa, dawa yachanganyika na damu nyingi haraka haichomi. Kuna na mrija wa kutiwa juu ya kiwiko, lakini ule wabaki nje, wataka kusafishwa kila wiki na usilowe, kwa hivo kuogelea hakuna. Poti nayo ina hatari zake, kuambukizwa na damu kuganda, na ikikaa bila kutumiwa yataka kupitishiwa dawa ya kuzuia isizibe, kwa kawaida kila mwezi hivi. Uliza pia bei na SHA, bima ya afya ya serikali, italipa kiasi gani, na utakuwa wafanyiwa wapi huo usafishaji, manake nauli ya Mombasa kwenda na kurudi kwa kazi ya dakika kumi yauma kuliko sindano.