Kununua tawasifu kuukuu Nairobi

Kwa wauza vitabu wa Barabara ya Tom Mboya, usianze na bei, anza na uti wa kitabu, yaani mgongo unaoshika kurasa. Fungua kitabu katikati, polepole: gundi iliyokauka hulia kama kijiti kikivunjika, na kurasa za hapo ndizo hudondoka kwanza. Kurasa za picha mara nyingi hazina nambari, basi zilinganishe na orodha ya mwanzoni. Ndizo huchanwa sana, nayo ni hasara kubwa. Maisha Yangu na Baada ya Miaka Hamsini ya Shaaban Robert ina sehemu mbili: hakikisha zote zimo. Kikinuka ukungu, kifunge mfukoni wiki nzima pamoja na makaa makavu yaliyofungwa kitambaani. Usikianike juani, karatasi hugeuka njano na kukatika.