Soriasisi ikifika kwenye viungo: mambo ya kuandaa kabla ya kumwona bingwa na kabla ya kuanza dawa

Kama una soriasisi ya ngozi, yale madoa yenye magamba, na sasa vidole, visigino au mgongo vimeanza kukusumbua, ipo kazi unayopaswa kuifanya wewe kabla daktari hajaanza yake. Soriasisi ya viungo haina kipimo kimoja cha maabara cha kuithibitisha. Daktari huitambua kwa kuunganisha anachokiona kwa macho, unachomweleza, na vipimo vichache vya kuondoa magonjwa mengine. Anayefika na maelezo kamili huokoa miezi mingi, na miezi hiyo ina thamani kubwa. Mwaka 2015 watafiti wa Dublin, Ireland, walionyesha kwamba hata kuchelewa miezi 6 tu kumwona bingwa wa viungo kunaendana na mifupa kulika zaidi na mgonjwa kupata shida zaidi katika shughuli zake miaka ya baadaye. Huku kwetu mabingwa hao ni wachache na wengi wako kwenye hospitali za miji mikubwa, kwa hiyo miezi 6 hukatika mgonjwa akiwa bado anazunguka kwenye maduka ya dawa kutafuta sindano ya maumivu.

Kwanza fahamu unachopambana nacho. Katika ugonjwa huu kinga ya mwili hushambulia mwili wenyewe: ngozi, maungio, na zile sehemu ambako kano hujishikiza kwenye mfupa. Katika kila watu 100 wenye soriasisi, hadi 30 huweza kupata tatizo la viungo, mara nyingi wakiwa na umri wa kati ya miaka 30 na 50. Kwa wengi ngozi hutangulia, wakati mwingine kwa miaka kama 10, lakini wapo ambao viungo huanza kuuma kabla ya doa lolote kuonekana. Wingi wa madoa haupimi hali ya viungo. Mtu mwenye doa dogo nyuma ya sikio anaweza kuwa na vidole vinavyoharibika kwa kasi, na mwenye madoa mwili mzima akawa hana hata kiungo kimoja kinachouma.

Kwa hiyo jikague mwili mzima ukiwa nyumbani, mchana, kwenye mwanga wa kutosha. Picha nyingi za soriasisi zinazosambaa zinaonyesha ngozi nyeupe yenye madoa mekundu. Kwenye ngozi yetu madoa huwa ya zambarau, kijivu au kahawia iliyoiva, yenye magamba meupe juu, na yakipona huacha weusi kwa muda mrefu. Ndiyo maana wengi huambiwa ni fangasi au ukurutu na kupewa mafuta yasiyosaidia. Mwombe mtu unayemwamini akuangalie kichwani katikati ya nywele, nyuma ya masikio, kwenye kitovu na kwenye mfereji wa makalio. Hapo mwisho watu huona haya kupataja, lakini ni mahali soriasisi hupenda kujificha, na daktari asipoambiwa hataangalia. Kisha kagua kucha za mikono na miguu: vishimo vidogo vidogo juu ya ukucha, ukucha kunyanyuka kutoka kwenye nyama yake, au rangi ya mafuta ya kupikia chini yake. Ukienda kliniki usipake rangi ya kucha wala hina kwenye kucha.

Sababu ya kuhangaika na kucha ni hii. Tangu mwaka 2006 mabingwa hutumia vigezo vinavyoitwa CASPAR, ambavyo hutoa alama kwa mgonjwa mwenye uvimbe wa viungo, kano au uti wa mgongo. Soriasisi iliyopo sasa hupewa alama 2. Kama haipo sasa, kuwahi kuwa nayo hupewa 1, na hata kuwa nayo kwa mzazi, ndugu wa damu, babu au bibi huhesabiwa 1. Kucha zenye dalili, 1. Kidole kizima kilichovimba kama soseji, sasa au zamani, 1. Aina fulani ya mfupa mpya unaoonekana kwenye eksirei, 1. Na kipimo cha damu cha baridi yabisi kikitoka hasi, hiyo nayo ni alama 1. Zikifika 3, mgonjwa anahesabiwa kuwa na soriasisi ya viungo. Tazama ni alama ngapi kati ya hizo hazitoki maabara bali kinywani mwako. Mpigie simu shangazi, muulize mama, uliza kama marehemu babu alikuwa na ngozi ya magamba. Katika familia nyingi habari hizi zipo, ila hakuna aliyewahi kuulizwa.

Uvimbe una tabia ya kutoweka siku ya miadi. Piga picha kwa simu kila kidole kinapovimba, na andika tarehe. Andika pia viungo hukakamaa kwa muda gani asubuhi kabla ya kulegea. Ikipita nusu saa, na maumivu yakapungua unapotembea au kufanya kazi badala ya kuzidi, hiyo ni dalili ya ugonjwa wa kinga na si uchakavu wa kawaida wa maungio. Maumivu ya mgongo yanayokuamsha usiku wa manane na kukulazimisha uinuke utembee, yaandike. Kisigino kinachouma unapokanyaga sakafu asubuhi, kiandike, hata kama uliambiwa ni viatu.

Sasa mfuko wa dawa. Weka ndani yake kila kitu unachotumia, usichague: vidonge, krimu, dawa za kienyeji za unga, mkorogo, na yale mafungu ya vidonge vya rangi rangi anayokufungia muuza duka kwenye karatasi. Naomba usione aibu katika hili, kwa sababu hapa ndipo hatari ilipo. Prednisoloni na deksamethasoni, ambazo ni dawa za kundi la steroidi, huuzwa kwetu kirahisi mno. Humpa mgonjwa nafuu ya haraka, lakini kwa mwenye soriasisi, kuzitumia kwa wingi kisha kuziacha ghafla kunaweza kulipua ngozi mwili mzima, wakati mwingine kwa vipele vyenye usaha na homa kali inayohitaji kulazwa. Baadhi ya dawa za unga zinazosifiwa kwa maumivu ya viungo zimekutwa zimechanganywa na dawa hizi bila kusemwa, na krimu nyingi za kung'arisha ngozi zina steroidi kali. Kama umekuwa ukitumia chochote cha namna hiyo, usikiache siku moja kwa kuogopa kugombezwa. Mwambie daktari akupangie namna ya kupunguza kidogo kidogo. Taja pia dawa za presha na za magonjwa ya akili, kwani baadhi ya dawa za presha za kundi la beta, na lithiamu, huweza kuichochea soriasisi.

Kuhusu vipimo, yako mambo mawili yanayopotosha watu wengi. La kwanza ni majibu mazuri. Kipimo cha baridi yabisi huwa hasi kwa wengi wenye soriasisi ya viungo, na vipimo vya mchochota (uvimbe unaoletwa na kinga) kwenye damu huweza kuwa vya kawaida kabisa huku kidole kimevimba mbele ya macho ya kila mtu. Karatasi ya maabara isikufanye uamini huumwi. La pili ni asidi ya yuriki, ile ambayo ikizidi huleta maumivu ya viungo yanayoitwa gauti. Wenye soriasisi huweza kuwa nayo juu, kwa hiyo kidole cha mguu kilichovimba huitwa gauti, mgonjwa anakatazwa nyama na maharage miaka nenda rudi, na ugonjwa wenyewe unaendelea kula mifupa.

Pima VVU hata kama unajiamini. Virusi hivyo huweza kuiamsha soriasisi au kuifanya kali, na utafiti uliochapishwa mwaka 2000 kutoka Zambia ulikuta karibu wagonjwa wote wa soriasisi ya viungo waliochunguzwa wana VVU. Huo ulikuwa wakati dawa za kufubaza virusi hazijawafikia wengi. Haimaanishi kwamba kila mwenye ugonjwa huu leo ana VVU, na ndugu wasitumie habari hii kumnyooshea mtu kidole. Maana yake ni kwamba tiba hubadilika kulingana na jibu, na kwa mwenye VVU dawa za kufubaza zenyewe mara nyingi huipunguzia ngozi makali.

Dawa utakayokutana nayo kwanza, baada ya zile za maumivu kama diklofenaki au naprokseni, huenda ikawa methotreksati. Ni dawa ya miaka mingi na bei yake inavumilika. Lakini inaua ikitumiwa vibaya, na kosa lenyewe ni jepesi kufanyika: humezwa mara moja kwa wiki, si kila siku. Kabla hujatoka duka la dawa, chagua siku, tuseme Jumapili, na mwandikishe mfamasia jina la siku hiyo kwenye boksi kwa herufi kubwa. Mweleze na mtu unayeishi naye. Angalia pia uzito wa kidonge, maana kuna cha miligramu 2.5 na kuna cha 10. Aliyezoea kumeza vidonge vingi vidogo akipewa vikubwa bila kuambiwa, hujikuta amemeza mara nne ya dozi yake. Utaandikiwa na asidi ya foliki, ambayo hupunguza kichefuchefu na vidonda vya mdomo. Imeze siku nyingine kama utakavyoelekezwa.

Kuna mchanganyiko mmoja ambao ningependa kila nyumba yenye mgonjwa huyu iujue: methotreksati na Septrin. Zote mbili hugusa kazi ya foliki mwilini, na zikikutana zinaweza kuuzima uboho unaotengeneza damu. Septrin kwetu hutolewa kwa kikohozi, kuhara, maambukizi ya mkojo, na kama kinga kwa wenye VVU. Dawa ya malaria ya SP nayo ina kazi ya namna hiyo hiyo. Kwa hiyo popote utakapotibiwa, iwe zahanati ya kijijini au duka la dawa njia panda, neno la kwanza liwe kwamba unatumia methotreksati. Ukipata vidonda vya mdomo, homa au michubuko isiyo na sababu, sitisha dozi inayofuata na uende hospitali upimwe damu.

Kabla ya dozi ya kwanza unapaswa kupima picha kamili ya damu, ini, figo, na homa ya ini aina ya B na C. Vipimo vya damu, ini na figo vitarudiwa mara kwa mara, hasa miezi ya mwanzo, kwa hiyo weka gharama yake kwenye bajeti kama unavyoiweka dawa. Pombe na methotreksati vyote hulielemea ini. Anayekunywa aseme ukweli ni kiasi gani. Na mwanamke anayeweza kushika mimba asianze dawa hii bila uzazi wa mpango wa uhakika, kwa sababu huharibu mimba. Anayetaka mtoto huhitaji kuiacha mapema, mara nyingi miezi 3 kabla. Leflunomidi, dawa nyingine ya ugonjwa huu, hukaa mwilini muda mrefu zaidi na huhitaji utaratibu maalumu wa kuiondoa. Usiseme utalizungumza hilo mbele ya safari. Liseme siku ya kwanza, na ikiwezekana mwenzako awepo.

Dawa hizo zikishindwa, huja dawa za kibayolojia za sindano, zinazozuia sehemu maalumu ya kinga, kama adalimumabu na etanasepti. Nguvu yake ni kubwa, na kwa baadhi ya watu hubadilisha maisha. Maandalizi yake kwetu yana uzito wa pekee kwa sababu ya kifua kikuu. Bakteria wa TB huweza kulala mwilini miaka mingi bila kukuumiza, na dawa hizi hulegeza ulinzi unaowazuia. Ni lazima kufanya eksirei ya kifua na kipimo cha TB iliyolala, na ukikutwa nayo utapewa kwanza dawa za kuizuia. Kama nyumbani kuna aliyewahi kuugua kifua kikuu, sema. Chanjo zenye vijidudu hai, ikiwemo ya homa ya manjano, hazitolewi ukiwa kwenye dawa hizi. Mwenye safari za kuvuka mipaka aichanje angalau wiki 4 kabla ya kuanza. Tangu Julai 2016 cheti chake ni cha maisha.

Jambo dogo lakini limewaharibia wengi: sindano hizi hutunzwa kwenye friji, nyuzi 2 hadi 8, bila kugandishwa. Umeme ukikatika siku nzima utafanyaje? Panga mapema na jirani, zahanati au duka la dawa lenye jenereta. Uliza pia bima yako, kwa maandishi, kama inalipia dawa hiyo na kwa muda gani. Kuianza kwa michango ya harambee kisha kuikatisha baada ya miezi miwili hakukusaidii.

Kuhusu mwili wenyewe: kwa mwenye unene, kupunguza uzito huzifanya dawa zifanye kazi vizuri zaidi, na kutembea au kuogelea hakumalizi viungo kama wengi wanavyoogopa. Sigara iache. Presha na sukari vipimwe, kwa kuwa ugonjwa huu huendana na magonjwa ya moyo.

Na usisubiri miadi kwa mambo haya mawili. Jicho likiwa jekundu, linauma na haliwezi mwanga, nenda hospitali siku hiyo hiyo na utaje soriasisi, kwa kuwa mchochota huweza kuingia ndani ya jicho na kupunguza uwezo wa kuona. Kiungo kimoja kikivimba ghafla, kikawa cha moto, nawe una homa, huenda kimeingiwa na bakteria. Hapo usikandwe, usichomwe sindano ya maumivu dukani. Nenda kikachukuliwe maji yake na kupimwa.