Jinsi ya kujua CCM unayoiona kwenye kompyuta ni CCM ipi

Wakuu, kwetu Tanzania herufi hizi tatu ni Chama Cha Mapinduzi, kilichozaliwa 5 Februari 1977 TANU na Afro-Shirazi zilipoungana. Sasa mtu anafungua Task Manager ofisini anakuta CcmExec.exe inakula memori, anashtuka, anaiua au anadownload "dawa" ya ajabu ajabu mtandaoni. Tulia, fuata hivi.

Hatua ya 1: kabla hujasearch, angalia umeikuta wapi. Kwenye vifaa vya hoki ya barafu ni kampuni ya Canada ya tangu 1899. Kwenye ripoti za Global Fund (ule mfuko wa UKIMWI, kifua kikuu na malaria) ni kamati ya nchi inayoandaa maombi ya fedha. Kwenye mambo ya waifai ni njia ya kufunga data isisomeke na wengine kwa AES (aina ya usimbaji wa siri), ndiyo inayotumika ndani ya WPA2, ulinzi wa waifai yenye nywila.

Hatua ya 2: ukisearch, iambatanishe na neno la jirani yake. Ukiandika CCM peke yake ukiwa Dar utaletewa siasa na Uwanja wa CCM Kirumba tu. Andika CCM AES WPA2, au CCM "Global Fund" filetype:pdf, na usiyoyataka yatoe kwa alama ya kutoa, -chama -uchaguzi, hiyo alama igusane na neno usiache nafasi.

Hatua ya 3, hapa ndo muhimu. Kwenye Task Manager nenda Details, bofya kulia CcmExec.exe, chagua Open file location. Inatakiwa iwe C:\Windows\CCM. Ukiikuta Downloads au AppData, toa neti kwanza halafu iskani, maana virusi hupenda kujificha kwa majina ya heshima. Kisha bofya kulia faili lenyewe, Properties, Digital Signatures, uone jina la Microsoft. Ikiwa sawa, hiyo ni ajenti ya Configuration Manager, watu wa IT wanaitumia kusambaza programu na apdeti kwenye mashine zote za ofisi, kwa hiyo usiifute, kama inalemea mashine waite wao waangalie C:\Windows\CCM\Logs. Ila ukiikuta kwenye laptop ya mtumba uliyonunua mwenyewe, kuna uwezekano mkubwa ilikuwa ya ofisi fulani na haikusafishwa, piga Windows upya kabisa usiweke hata picha moja kabla ya hapo.

Hatua ya 4 ni ya wanaocode. Ukitumia pip (kisakinishi cha vifurushi vya Python), pip install ccm inakuletea Cassandra Cluster Manager, ya kutengeneza klasta ya majaribio ya Cassandra (programu ya hifadhidata) kwenye mashine yako. Usiinstall kwa kubahatisha jina jamani, soma kwanza ukurasa wake PyPI, tovuti ambako pip huchukua vifurushi, maana unachoweka kinapata ruhusa zote za akaunti yako. Kama tayari umeweka, andika pip show ccm usome mstari wa Summary, ikitaja Cassandra na wewe huna shughuli nayo, pip uninstall ccm.