Namna ya kuandaa kipengele cha "Siku kama ya leo" redioni: mfano wa 7 Aprili

Naandaa vipindi vya redio, na kipengele hiki cha dakika chache ndicho kinachofanya wasikilizaji wapige simu kuliko vingine vyote. Wengi hukiandaa kwa kunakili orodha ya matukio mtandaoni na kuisoma mbio mbio: fulani alizaliwa, vita fulani vikaanza, tunakwenda mapumziko. Msikilizaji haambulii kitu. Nitaeleza hatua ninazofuata kwa kutumia tarehe moja, 7 Aprili, kwa kuwa ukanda wetu una mengi mazito siku hiyo.

Hatua ya 1: Kusanya kwanza, chagua baadaye

Kwenye karatasi yangu ya 7 Aprili kuna haya. 1948: katiba ya Shirika la Afya Duniani (WHO) ilianza kutumika, ndiyo maana Siku ya Afya Duniani ni tarehe hiyo. 1971: Josina Machel, mpigania uhuru wa Msumbiji, alifariki Dar es Salaam akiwa na miaka 25, Msumbiji huiadhimisha kama Siku ya Mwanamke wa nchi hiyo. 1972: Sheikh Abeid Amani Karume, Rais wa Zanzibar na Makamu wa Kwanza wa Rais wa Tanzania, aliuawa kwa risasi Kisiwandui, Unguja. 1994: mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yalianza Rwanda.

Hatua ya 2: Pima kwa siku ya wiki

Fungua kalenda ya simu, rudi nyuma hadi mwaka husika. 7 Aprili 1972 ni Ijumaa. Ukikuta mahali pameandikwa kwamba Karume aliuawa Jumapili, ujue ama siku ama tarehe imekosewa, na huenda na mengine pia. Kisha tafuta chanzo cha pili, hasa gazeti la wakati ule. Tovuti mbili zenye sentensi ileile hadi nukta zihesabu kuwa chanzo kimoja.

Hatua ya 3: Angalia saa

Hapa ndipo penye kazi, na ndipo watangazaji wengi wanapoteleza. Ndege ya Rais Juvénal Habyarimana wa Rwanda ilitunguliwa Kigali usiku wa Jumatano, 6 Aprili 1994. Ilikuwa ikirejea kutoka mkutano wa viongozi wa kanda Dar es Salaam, na Rais Cyprien Ntaryamira wa Burundi alikuwamo. Kulipokucha, tarehe 7, Waziri Mkuu Agathe Uwilingiyimana aliuawa, na siku hiyohiyo wakauawa askari 10 wa Ubelgiji waliokuwa kwenye kikosi cha Umoja wa Mataifa. Kwa hiyo tarehe 7 huwezi kusema "siku kama ya leo ndege ilitunguliwa". Sema ilitunguliwa usiku wa kuamkia leo.

Maneno hayo, "usiku wa kuamkia", yatakufaa mara nyingi. Mapinduzi ya Zanzibar yalifanyika usiku wa kuamkia 12 Januari 1964. Bendera ya Tanganyika huru ilipandishwa saa sita usiku, 9 Desemba 1961 ikiingia.

Kwa matukio ya zamani ya Ulaya angalia pia kalenda iliyotumika: Mapinduzi ya Oktoba ya Urusi, 1917, kwa kalenda yetu ni 7 Novemba.

Hatua ya 4: Tenganisha sadfa na makusudi

CCM ilizaliwa 5 Februari 1977, miaka 10 kamili tangu Azimio la Arusha litangazwe. Hiyo ilipangwa. Kenya nayo ilikuwa jamhuri 12 Desemba 1964, mwaka mmoja kamili baada ya uhuru. Tarehe za namna hii zina kisa cha kusimulia, maana kuna watu walikaa wakazichagua. Josina na Karume kufa tarehe moja, miaka miwili mfululizo, ni sadfa. Iseme kama sadfa. Kuunganisha vifo kwa kuhisi tu ni kuwaumiza waliofiwa.

Hatua ya 5: Tafuta uzi

Matukio manne kwa dakika tatu ni mengi. Mimi huchagua mahali pawe uzi. Kwa tarehe hii mahali hapo ni Tanzania: Josina alifia Dar es Salaam, ilikokuwa na makao yake Frelimo, chama cha ukombozi cha Msumbiji, Karume aliuawa Unguja, na watuhumiwa wa mauaji ya Rwanda walishtakiwa Arusha, kwenye mahakama ya Umoja wa Mataifa. WHO naipeleka kwenye habari za afya.

Hatua ya 6: Andikia sikio

Sentensi fupi, mahali kwanza, mwaka baadaye. Mfano:

"Kisiwandui, Unguja. Ni Ijumaa, 7 Aprili 1972. Mzee Karume amekaa na wenzake kwenye makao makuu ya chama cha Afro-Shirazi, wanacheza bao. Watu wenye silaha wanaingia."

Nyamaza kidogo hapo, kisha endelea.

Mwambie fundi mitambo mapema asitangulize muziki wa kuchangamka wala tangazo la biashara. Kuna msikilizaji aliyepoteza familia nzima Rwanda, na kuna wanaokwenda kwenye hitma Kisiwandui siku hiyo. Tumia jina kamili, "mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi", bila kulifupisha.

Hifadhi skripti kwenye faili la tarehe, na "miaka kadhaa iliyopita" iache wazi. Hesabu hiyo ijazwe asubuhi ya kipindi.